Kwako Vumbi, Uliyeipima Nyota

Mwaka umepinduka, Vumbi, tangu ulipotuachia kiti kitupu mezani na mswaki wako kwenye kikombe cha bafuni, ambao mpaka leo hakuna aliyethubutu kuutupa.

Waliokuja kutupa pole walituahidi kwamba muda utatuponya. Tumeungoja huo muda. Umepita, na uchungu umebaki umekaa kitako kama mgeni asiyejua kuaga. Basi leo tunasema nawe, na anayetaka kusikiliza asikilize.

Jina la Vumbi walikupa kazini, na halikuwa jina la sifa. Wenzako walitafuta nyota zinazong'aa, wewe ukataka kujua kinachozizuia zising'ae. "Kila mtu anaangalia taa," ulikuwa ukisema. "Mimi naangalia kilichoko kati yetu na taa." Wakakucheka. Jumapili moja ukalileta jina hilo nyumbani, ukilicheka mwenyewe, Baba akalipenda, na baada ya hapo hata Mama, aliyekupa jina zuri la bibi yake, akawa anakuita Vumbi.

Baba ni mpaka rangi, na siku ulipotaka kumweleza kazi yako ulimkuta akipiga msasa ukuta wa sebule yetu. Chumba kizima kilikuwa unga mtupu.

"Baba, ukiwa huko ndani ya vumbi, hiyo taa unaionaje?"

"Nyekundunyekundu. Kama jicho la mlevi."

"Basi hiyo ndiyo kazi yangu."

Ukamwambia kwamba mwanga wa nyota una rangi zote ndani yake. Ukipita katika vumbi lililotanda huko juu, rangi ya buluu huzuiwa zaidi, nyekundu hupenya. Anayepima ni kiasi gani cha buluu kimepotea njiani anajua vumbi ni jingi au haba, punje zake ni ndogo au kubwa, ingawa hatalishika maisha yake yote.

"Yaani wewe unaajiriwa kuchungulia vumbi," Baba akasema. "Na mimi kila siku nalifagia, hakuna aliyewahi kuniita mtaalamu."

Mlicheka mpaka Mama akatoka jikoni kuuliza kumezidi nini.

Hatutaki kukusifu uongo kwa sababu umekufa. Harusini kwa mdogo wako ulifika picha zikiwa zimeshapigwa. Taulo ilikuwa hairudi ilikotoka ukishaishika. Ukiingia nyumbani ulizima taa chumba hadi chumba, hata mtu akiwa anasoma, ukisema taa za mji ndizo zinazokuibia nyota. Lakini watoto wa mdogo wako walijua kwamba Mama Mkubwa hana swali la kijinga. Wakikuuliza nyota zinalala wapi mchana, uliacha chakula kipoe ukachukua chungwa na tochi. Na hukuweza kumwona mtu amevaa miwani yenye alama za vidole. Uliivua usoni pake, ukaifuta kwa ncha ya blauzi, ukamrudishia, na mazungumzo hayakukatika. Ndivyo fundi wa darubini kule kilimani, kazini kwako, alivyopata jina la Miwani. Ulimfuta miwani siku ya kwanza mlipokutana, kabla hata hujamsalimu, naye akawa rafiki yako hadi siku ya mwisho.

Sasa tuseme yale yaliyotuleta hapa.

Mkuu wa idara yenu ndiye aliyekufundisha kushika darubini. Ulimwita Mwalimu hata ulipokuwa wewe mwenyewe unafundisha, na mezani kwetu hakuna aliyeruhusiwa kumsema vibaya. Yeye ndiye aliyetangaza kwamba ile nyota kubwa nyekundu, aliyoipa jina la Kikongwe, inakata roho. Kweli ilikuwa inafifia. Hata sisi tusiojua kitu tulikuwa tukitoka uani tunaitazama na kusikitika. Mkuu alisema redioni kwamba itapasuka, kwamba watu wazima wa leo wataiona iking'aa mchana kweupe. Waandishi wakamfuata kama nzi. Wafadhili wakaanza kuzungumza habari za jengo jipya.

Wewe ukaenda kupima.

Uliweka vichujio vya rangi mbele ya darubini, kimoja baada ya kingine, ukakuta Kikongwe amepoteza buluu kuliko nyekundu. Halafu ukachukua kile kioo chako cha kuzungusha. Ulitueleza mara nyingi, nasi sasa tunaweza kueleza wengine: mwanga wa kawaida hutikisika pande zote, lakini ukipita katika vumbi unatoka umeegemea upande mmoja, kama nywele zilizopitishwa chanuo. Kioo kikizungushwa, nyota inafifia kidogo kikikaa hivi, inang'aa kidogo kikikaa vile. Kikongwe alifanya hivyohivyo. Hakuwa anakufa. Alikuwa amepumua wingu la vumbi, likakaa mbele ya uso wake.

"Nyota ni nzima," ulimwambia mdogo wako kwenye simu, sauti imejaa furaha ya kitoto. "Imejifunika tu. Ngoja utaona, itajifunua."

Mdogo wako anaendesha basi la shule. Siku uliyokwenda kumwambia Mkuu, miguu yako ilikuwa imevimba hata viatu havifungi, kwa hiyo alikupeleka yeye, akapanda ngazi nawe akiwa amekubebea mkoba. Ulimwambia angoje mlangoni. Mlango haukufungwa, na masikio hayana pazia.

"Mwalimu, ni vumbi," ulisema.

Mkuu hakuinua macho. "Kifaa chako kina kasoro."

"Nimekijaribu kwa nyota za jirani zake. Kiko sawa. Ona mwenyewe."

Aliziangalia zile karatasi kwa muda. Mdogo wako, aliyekuwa akichungulia kwenye upenyo, anaapa kwamba alimwona akielewa. Uso wake ulilegea kwanza, halafu ukakaza.

"Binti yangu," akasema polepole, "wafadhili wako njiani. Kuna neno, na kuna wakati wa neno. Subiri kidogo."

"Kidogo mpaka lini, Mwalimu?"

"Mpaka nikwambie."

Ukasema haya. Ukasema na asante.

Ndani ya gari mdogo wako aliwaka. "Mbona umeufyata? Ungempasulia palepale!"

"Ndiye aliyenilea kazini. Siwezi kumwaibisha mbele ya wageni."

"Na yeye akikuaibisha wewe?"

"Hawezi," ulisema, ukafunga mkanda. "Humjui."

Vumbi, uliweza kupima kitu kilicho mbali namna ile, ukashindwa kumpima mtu mliyetenganishwa na meza. Tunakusema kwa sababu tunakupenda. Unyenyekevu wako ulitugharimu.

Wafadhili walikuja, wakala, wakapigwa picha, wakaondoka. Mkuu hakukwambia neno. Ulipomkumbusha, zamu zako kwenye darubini zikaanza kupungua. Mara hii mwanafunzi fulani ana haraka, mara ile ratiba imebadilika. Mwishoni ulibakiwa na zamu moja tu ya siku chache, nayo ikaangukia wakati uleule ambao hospitali ilikupangia kuanza kusafishwa damu. Figo zilikuwa zimechoka. Sisi hatukujua zimechoka kiasi gani, ulituficha.

Ulimwomba Mkuu mbadilishane zamu. Miwani alikuwepo ukumbini akibeba ngazi, ndiye aliyetuambia. Ulimweleza habari za hospitali waziwazi, wewe uliyekuwa huelezi mtu ugonjwa wako. Naye akakujibu huku anatembea, "Zamu ni zamu. Darubini haisubiri mgonjwa."

Ukapiga simu hospitali, ukawaomba wao wasubiri.

Baba alipopata habari alikuja kwako na nguo zake za kazi, rangi mbichi mikononi.

"Hiyo nyota itakuzika?" alikuuliza.

"Baba, sasa ndiyo imefifia kuliko wakati wote. Ikianza kurudi kabla sijapima, yeyote atasema lolote. Figo zitavumilia kidogo."

"Nani amekwambia?"

Ulimshika mkono, ukatazama rangi kwenye vidole vyake, ukamuuliza anapaka nyumba ya nani. Ulikuwa hodari wa kubadili mazungumzo.

Hazikuvumilia, Vumbi. Na kwa hili tunakukasirikia, wewe pamoja na huyo mtu. Mama haoni haya kulisema. Hata wiki iliyopita alikuwa akikunja nguo akasema peke yake, kwa sauti, "Mtoto mkaidi." Kisha akakaa kitandani na ile nguo mkononi.

Lakini ulipima. Ulikaa kwenye kiti umejifunika blanketi, Miwani akizungusha kioo na wewe ukimwambia acha, zidisha, rudi nyuma. Ulipomaliza ukampelekea Mkuu vipimo vyote, safi, vimepangwa, pamoja na salamu. Ndipo ukakubali kupelekwa hospitali.

Wodini ulikuwa na swali moja. Mdogo wako alikuwa akija akisharudisha watoto wa shule majumbani, bado amevaa fulana ya kazi, na kabla hajavuta kiti unamuuliza, "Imerudi?" Naye anatoka ukumbini kumpigia Miwani, anarudi. "Bado." Unafumba macho. "Itarudi. Vumbi halikai mahali."

Alasiri Miwani alipopiga simu mwenyewe, mdogo wako alijua kabla hajapokea.

"Imeanza," Miwani alisema. Alikuwa analia. "Mwambie imeanza kurudi, na buluu ndiyo inarudi kwa kasi. Kama alivyosema. Mwambie."

Ulikuwa hujafumbua macho tangu asubuhi. Mdogo wako aliinama akakwambia sikioni, mara ya kwanza taratibu, halafu kwa nguvu, mpaka muuguzi akaja kumshika bega. Hatujui kama ulisikia. Tumewauliza madaktari, wakatujibu maneno ya kufariji, kwamba kusikia ndiko kunakoondoka mwisho. Hatukutaka kufarijiwa. Tulitaka kujua, na wa kutuambia hayupo. Ulituacha kabla hapajapambazuka mara nyingine.

Mazikoni Mkuu alizungumza. Alivaa suti nyeusi, alifuta macho. Alikuita "msaidizi wangu mwaminifu." Msaidizi! Shangazi alimkanyaga mdogo wako mguu ili asijibu, na mdogo wako hakujibu, kwa heshima ya kaburi.

Kikongwe akang'aa tena kama zamani, mbele ya macho ya watu wote. Mdogo wako alikuwa anaendesha basi, watoto wanaimba nyuma, redio imewashwa kwa chini, akasikia sauti anayoijua. Mtangazaji alikuwa akimuuliza Mkuu mbona nyota haikufa. Naye hakubabaika hata kidogo. "Sisi tulishuku vumbi tangu mwanzo," alisema. "Vipimo vyetu vinaonyesha wazi. Makala iko tayari."

Mdogo wako alisogeza basi kando ya barabara, akazima injini. Mtoto mmoja aliuliza, "Dereva, tumeharibikiwa?"

"Hapana," alisema. "Kuna mtu ametuharibia. Kaeni vizuri, tunaondoka."

Kesho yake yeye na Baba walipanda zile ngazi. Mkuu aliwapokea kwa bashasha, akawavutia viti, akaagiza chai. Mdogo wako hakuigusa.

"Tumekuja kwa jambo moja tu," alisema. "Kwenye hiyo makala, jina la dada yangu liwepo. La kwanza likishindikana, la mwisho. Liwepo tu."

Mkuu alishusha pumzi kwa huruma. "Laiti ningeweza. Kanuni za jarida hizo. Kila mwandishi lazima akubali kwa sahihi yake. Marehemu hawezi kutia sahihi."

"Ila vipimo vya marehemu vinakubalika?"

Alikoroga chai ambayo hakuwa ametia sukari.

"Tumemfikiria kwa namna nyingine," akasema, akasimama. "Njooni muone. Mtafurahi."

Akawapeleka mwisho wa ukumbi, chini ya ngazi, penye mlango mwembamba uliopakwa rangi mpya. Juu yake palikuwa na kibao cha shaba chenye jina lako. Alisema ni chumba cha kujisomea wanafunzi. Baba alisukuma mlango. Ndani kulikuwa na meza moja, balbu moja, dirisha hakuna, na nyuma ya mlango mafagio na ndoo za wafagiaji zilikuwa bado hazijahamishwa.

Baba si mtu wa maneno mengi akiwa na hasira, unamjua.

"Mwanangu hakusoma miaka yote ile aje kulinda mafagio," alisema.

"Mzee wangu, hii ni heshima kubwa. Si wengi wanaopata."

"Wapeni hao wengi. Nani ana bisibisi?"

Hakuna aliyekuwa nayo. Baba akatoa kile kisu chake bapa cha kukwangulia rangi ya zamani, kisichokosekana mfukoni mwake, akafungua skrubu za kibao moja moja, wanafunzi wamesimama wanatazama, Mkuu akisema "Mzee, Mzee, tuzungumze." Alipomaliza akamkabidhi kibao mkononi kama mtu anayerudisha chombo alichoazimwa.

"Asante ya punda," akasema, "tunaijua."

Ni Miwani aliyekuja kutuambia kwamba hata ile habari ya sahihi ilikuwa uongo. Makala huchapishwa kila siku zikiwa na majina ya waliokufa, panawekwa alama ndogo pembeni na mstari chini kueleza kwamba mwandishi huyu amefariki. Basi. Alama ndogo tu, Vumbi. Hicho ndicho kilichowashinda. Miwani aliliandikia jarida, hakujibiwa. Akamwambia Mkuu, "Kama lake halimo, na langu liondoe," na likaondolewa siku hiyohiyo. Sasa wamemhamishia madarasani, anatengeneza viti na swichi. Kile kioo chako anakizungusha mtu mwingine. Tulipomwambia pole alitushangaa. "Kioo nilikizungusha mimi mwenyewe," alisema. "Nilichokiona nimekiona."

Makala ilitoka. Mdogo wako aliipata, akaketi nayo ndani ya basi tupu, akaisoma neno kwa neno ijapokuwa nusu yake hakuielewa. Michoro aliitambua, ulishamwonyesha mezani kwako. Jina lako liko mwisho kabisa, kwenye shukrani, baada ya walinzi wa kilima: marehemu fulani, "kwa msaada wake."

Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Ya huyu ni ndefu, tena imetiwa lami. Wiki hii anapokea tuzo. Ametuletea kadi ya mwaliko, viti vya mbele.

Hatuendi. Asubuhi hiyo tutakuwa kwako, tutang'oa magugu, tutakaa. Watoto wamesema watakuja na chungwa na tochi wakuonyeshe kwamba bado wanajua, na Mama amewakubalia.

Tulishauriwa tusiyaandike haya. Shemeji yako alituonya, kwa wema, kwamba mwenye nguvu hupishwa, na kwamba ukurasa wa kumbukumbu ni wa maua na sala. Tulimsikiliza. Kisha mdogo wako akauliza, "Sasa tutayasema wapi?" Makala ina wenyewe, redio ina wenyewe, jengo jipya lina wenyewe. Kwenye ukurasa huu hatuhitaji sahihi ya mtu.

Kwa hiyo ijulikane kwa yeyote asomaye. Nyota ilipofifia na wakubwa wakasema inakufa, kulikuwa na mwanamke mmoja, mgonjwa, aliyekaa chini ya darubini akaupima mwanga wake rangi kwa rangi, akasema ni vumbi, nyota ni nzima, itarudi. Alisema kabla haijarudi. Aliyesema baada ya kurudi, hata mtoto angeweza kusema.

Unakumbukwa na Baba, ambaye siku hizi akipiga msasa hufungua madirisha yote na hataki kusemeshwa. Unakumbukwa na Mama. Unakumbukwa na mdogo wako na shemeji yako, na watoto wao wanaokuita Mama Mkubwa. Na shangazi yako, anayejuta kwamba alikanyaga ule mguu. Na Miwani, ambaye sasa ni wa ukoo wetu, apende asipende.

Pumzika, mwanetu, dada yetu. Sisi hatujasamehe, na hatukuombi utuombee tusamehe. Siku zote tutakukumbuka, na kila watakapomtaja yeye, tutakutaja wewe.